Naomba ushauri: watu wangu wanakula mawe, wayale vipi?

Wakuu, habari za jioni. Naandika riwaya ya dunia ya kubuni ambako watu hawalimi wala hawafugi. Wanakula fuwele na madini ya mlimani. Nimekwama jikoni.

Sehemu nyepesi nimeazima kwetu. Magadi yanalainisha maharage na makande. Chumvi ya Uvinza tangu zamani ilipatikana kwa kuchemsha maji ya chemchemi mpaka yakauke. Na wajawazito wetu si wanatafuna udongo wa sokoni? Basi bibi wa kwenye hadithi ana chungu cha magadi alichorithi, na mkwe mpya anapimwa kwa kukuza fuwele ya chumvi kwenye uzi. Hapo sina shaka.

Tatizo ni meno. Chumvi ya mawe ina ugumu wa kama 2.5 kwenye kipimo cha Mohs (1 ni laini kabisa, 10 ni gumu kabisa), jino 5 hivi, kwatsi, lile jiwe gumu la kama kioo, 7. Shujaa wangu akiing'ata kwatsi, kwaheri meno! Niwape meno ya namna nyingine, au watwange kwanza kwenye kinu? Niliwaza waloweke kwenye siki, lakini siki huyeyusha chokaa, kwatsi haiguswi.

Halafu mrututu, ile chumvi ya shaba. Ile buluu yake nilitaka iwe chakula cha harusi, ila kwetu ni sumu. Msomaji atakubali, au atadhani sijui ninachoandika?

Aliyewahi kubuni vyakula vya aina hii anisaidie, hata inbox. Sura tatu zimelala.