Tupeane uzoefu: siku uliyorudi palepale palipokuvunja (watu wa Mtwara na Lindi)

Mama wa Barabarani

Ndugu zangu wa kusini, salaam. Hadithi za ujasiri tunazopeana kila siku ni za mtu aliyeingia kwenye moto au aliyepambana na majambazi. Ushujaa nilioushuhudia mimi huku kwetu ni mwingine, ni wa kurudi. Umevunjwa mahali, na mahali hapohapo ndipo riziki yako ilipo, na pengine pa kwenda huna. Naomba kila aliyewahi kurudi palepale atueleze ilikuwaje siku ile ya kwanza. Mafanikio ya baadaye tuyaache, tusimuliane siku ya kwanza tu. Naanza mimi.

Nauza chakula kandokando ya barabara kuu, Somanga, wilaya ya Kilwa. Mei 2024 redio zilitangaza Kimbunga Hidaya siku kadhaa kabla. Tulikaza mabati kwa kamba, unga tukaupandisha darini. Upepo wenyewe haukutudhuru kama tulivyoogopa. Kilichotumaliza ni mvua, tena juu ya ardhi iliyokwisha shiba maji. Usiku maji yakaja kutoka bondeni, si ya kupanda taratibu, ni ya kusukuma. Nikawabeba wanangu wawili, nikamwamsha mama, tukapanda kwenye tuta la barabara. Kulipokucha kibanda hakipo. Masufuria 6, mabenchi, magunia 2 ya mchele wa mkopo, vyote vimekwenda. Na barabara yenyewe imekatika, lami inaning'inia hewani.

Magari yakasimama pande zote mbili. Mtu wa Lindi mwenye haraka ya Dar ikabidi azunguke Masasi, Tunduru, Songea, safari ya siku na siku. Wengi hawakuwa na nauli ya kuzunguka, wakakaa palepale, watoto wao wanalia njaa. Mimi nimesimama na khanga iliyolowa, nadaiwa mchele uliokwisha fika baharini.

Nikapanda kwa jirani wa mlimani. "Bi mkubwa, niazime sufuria." Akaniazima, akaongeza kilo 3 za unga wa muhogo bila kuombwa. Nikapika uji chini ya mkorosho, kuni mbichi, moshi mtupu. Mikono ilitetemeka hata sufuria ya kwanza nikaiunguza. Bei sikutaja, sikuwa na uso wa kutaja bei. Abiria wenyewe waliweka hela kwenye ungo. Jioni nikahesabu 41,000. Deni la mchele nimelimaliza Januari iliyofuata.

Njomba wa Mtama

Pole sana dada. Babu alikuwa kijana Lindi kilipopiga kimbunga cha Aprili 1952. Alikuwa akisema minazi ililala chini kama mtu aliyepanga fito. Kesho yake watu hawakuanza na nyumba, walianza kuingia porini kuchimba ming'oko, maana mtu hajengi na njaa. Nimeukumbuka huo uji wako.

Mtoto wa Dungu

Nimeliona hilo neno "kurudi", nikasema hili ni la mama yangu.

Kwetu ni Lindi vijijini. Miaka ya mwanzo ya 2000 tulikuwa na simba wala watu. Vijana wa leo wanadhani ni ngano za kuwatisha watoto. Watafiti walipohesabu walikuta kati ya mwaka 1990 na 2004 simba waliua Watanzania zaidi ya 560, na sehemu kubwa ni ukanda huu wetu wa kusini mashariki.

Wa mjini huuliza, kwa nini mlikuwa mnalala shambani? Kwa sababu ya nguruwe pori. Mpunga na mahindi yakikomaa, kundi moja la nguruwe linafyeka shamba usiku mmoja, na hapo chakula cha mwaka kimekwisha. Basi unajenga dungu katikati ya shamba, unalala juu na debe la kugonga. Simba naye anamfuata nguruwe huyohuyo, maana wanyama wengine karibu na vijiji walikwisha toweka. Akimkosa nguruwe, yuko mtu.

Baba mdogo alichukuliwa mwezi wa nne, kwenye dungu lililokuwa hatua kama 60 kutoka kwa mama. Mama alisikia kila kitu. Tulizika kilichopatikana. Kijiji kizima watu wakawa ndani saa 11 jioni, hata chooni mtu haendi peke yake. Na mpunga huko umesimama, umeiva.

Matanga yalipokwisha, mama akachukua panga, debe na mwenge. Bibi akamwambia, "Mwanangu, uache uliwe." Mama akajibu, "Ukiliwa mpunga, hawa wanne nitawapa nini?" Alikuwa mjane. Nilikuwa na miaka 9. Nilimwona akitapika nyuma ya nyumba kabla hajaondoka, akasukutua, akafunga khanga, akaenda.

Lakini hakwenda kama alivyokwenda zamani. Kwanza alizipitia nyumba za wanawake 5 wenye mashamba jirani, wakakubaliana madungu yajengwe upya yakaribiane. Usiku debe moja likigongwa, la pili lijibu. Na waitane majina. Sisi tuliobaki kijijini tulikuwa tunasikia kwa mbali, "Mama fulani!" "Nipo!" Inapita kimya, halafu tena. Wazee nao walikuwa na elimu yao: siku za hatari ni zile zinazofuata mwezi mpevu, jua linapozama na mwezi haujachomoza, giza linapokuwa la ghafla. Siku hizo walipanda dunguni jua bado lipo. Nilipokuwa mkubwa niliambiwa watafiti nao walikuta hivyohivyo.

Walivuna. Kwetu yalipatikana magunia 7. Mama yupo hai hadi leo, na ukimwita usiku akiwa usingizini anajibu "Nipo" kabla hajaamka.

Mwalimu, Nachingwea

Mfikishie mama shikamoo yangu. Huku kwetu sasa ni tembo, na watu wanagonga madebe yaleyale.

Dada wa Mwani, Msangamkuu

Yangu ni fupi. Mume wangu alitoka na ngalawa wakati wa kusi, hakurudi. Nilipomaliza eda, bamvua ya kwanza maji yalipokauka nikashuka kwenye shamba langu la mwani. Maji yalinifika magotini tu, lakini niliyaona mengi kuliko bahari yote. Nikashika kigingi cha kwanza, nikakaa nimekishika mpaka wenzangu walipomaliza kamba 2 au 3. Hawakuniuliza. Mwani wenyewe mwingi ulikuwa umeoza kwa joto la maji, aina ya cottonii yote, ikabaki aina ya spinosum ambayo bei yake ni ndogo. Nikafunga upya.

Chumba cha Uani

Nimeandika na kufuta mara 3. Leo naimaliza.

Mwaka 2001 nilikuwa na miaka 17, mimba ya kwanza, kijiji cha ndani huko Kilwa, masika yamekolea. Uchungu siku 3. Mkunga alifanya alichojua. Nilibebwa kwenye kitanda cha kamba, kisha tela la trekta, na nilipofika hospitali mtoto alikwisha fariki. Siku chache baadaye nikaamka nimelowa. Nikadhani ni jasho. Ulikuwa mkojo, na ulivuja miaka 9.

Kwa asiyejua: mtoto akikwama muda mrefu, kichwa chake kinabana nyama za kibofu kwenye mfupa. Damu haipiti, nyama zinakufa, panatoboka. Hiyo ndiyo fistula. Nilielezwa kuwa ni uchawi, nikaelezwa ni laana, wengine wakasema ni zinaa. Hapana. Ni kuchelewa kufika kwenye upasuaji.

Mume aliondoka mwezi wa pili. Mama yake akalitoa godoro langu, akalichoma uwanjani watu wanaangalia. Shangazi akanichukua, akanipa chumba cha uani. Nilikaa humo. Sikwenda harusini, sikwenda unyagoni. Baba alipofariki nilisimama nyuma ya mwembe nikaona jeneza linapita.

Mwaka 2010 redio ikasema hospitali ya CCBRT pale Dar es Salaam wanatibu fistula bure, na hata nauli inatumwa kwa simu. Kweli, nauli ilifika kwenye simu ya dada mmoja aliyekuwa akitembelea vijiji kututafuta. Nilikaa kiti cha nyuma kabisa, chini yangu plastiki na khanga 5. Abiria walifungua madirisha, na wala siwalaumu. Tukavuka Daraja la Mkapa kwenye Rufiji. Mwaka niliougua halikuwepo, watu walivuka kwa pantoni, na mvua zikizidi unakaa ng'ambo unangoja. Nililiangalia lile daraja mpaka likapotea nyuma yetu.

Wodini nikakuta wanawake wa hali yangu, wodi nzima. Usiku wa kwanza mmoja alisema jambo la kijinga kuhusu mashuka, tukacheka mpaka mbavu zikauma. Miaka 9 nilidhani niko peke yangu duniani.

Lakini siku mnayoiuliza si ya upasuaji. Ni niliporudi kijijini. Palikuwa na harusi kwa mama mkwe wangu wa zamani, uwanja uleule wa godoro. Shangazi akasema si lazima uende. Nikavaa khanga mpya, doti nzima, nikaenda nikakaa mkekani katikati ya wanawake. Mama mmoja akasogea upande. Moyo ukanilipuka, nikajua ananikimbia. Kumbe ananipa nafasi ninyooshe miguu. Nilikaa pale kwa muda wa saa 4, ngoma inapigwa, pilau limeliwa. Nilipoinuka nilipapasa mkeka kwa kiganja, kimyakimya.

Mkavu.

Kama kuna binti anayevuja na anasoma hapa, au kuna mtu anamjua aliyefungiwa chumbani, aniandikie faragha. Nitampigia simu mwenyewe.

Mama wa Barabarani

Dada yangu. Nimemwita binti yangu mkubwa akasoma, naye ana miaka 17. Hakusema neno, alienda akakaa karibu na bibi yake. Ahsante kwa kutoifuta mara ya nne.

Mkulima, Tandahimba

Baada ya huyo mama sina uhakika kama la kwangu lina uzito, ila nimeombwa na mke wangu niliweke.

Agosti mmoja moto wa mtu aliyekuwa anasafisha shamba ulivuka, ukaingia kwangu. Mikorosho 70 aliyoipanda baba, ikiwa na maua. Nilikwisha puliza salfa raundi 3 kuzuia ugonjwa wa ubwiri unga, na salfa ni ya mkopo. Kwa saa mbili tatu ikawa nyeusi. Mwezi mzima sikukanyaga shamba, hata nikienda kisimani nilizunguka njia ndefu nisilione. Wakati huohuo akaja mtu wa kangomba na bakuli lake: chukua hela sasa, utanilipa korosho msimu ujao. Watu wangu, kangomba haiji ukiwa umeshiba. Inakuja siku ileile mtoto amefukuzwa shule kwa mchango. Nilikaribia kukubali.

Jirani mmoja aliyehudhuria mafunzo ya watafiti wa korosho wa Naliendele ndiye aliyenikataza. Akaniambia mkorosho ukiungua juu mizizi inaweza kuwa hai. Unaukata ubaki kisiki, machipukizi yakitoka unayapunguza, kisha unayabebesha vikonyo vya mti wenye mbegu bora. Maneno rahisi. Sasa nenda ukaukate mti wa baba yako kwa msumeno.

Siku ya kwanza nilikata mmoja tu. Nilikaa juu ya gogo lake mpaka adhuhuri. Jirani alikuja na maji, akashika upande wa pili wa msumeno, akasema "Huu wa pili tukate wote." Miti 43 ilichipua, 27 haikurudi. Katikati ya visiki nikapanda muhogo na mbaazi, ndivyo tulivyokula miaka ile. Mwaka wa tatu nilipeleka ghalani gunia moja na nusu. Nilisimama kwenye foleni na gunia na nusu kati ya watu wenye magunia 30, na nilikuwa nimenyooka.

Kijana wa Mingoyo

Shikamooni wakubwa. Naendesha bodaboda. Januari lori lilinichota kwenye daraja dogo njia ya kuelekea Mtama, mguu ukavunjika mara 2, abiria wangu akapona kwa rehema za Mungu. Mguu umeunga. Pikipiki imetengenezwa tangu mwezi wa tatu, iko ndani, nimeifunika shuka. Kila asubuhi naifunua, naifuta vumbi, naifunika. Mama anauza vitumbua peke yake kutulisha. Nimesoma huu uzi wote usiku huu. Kesho nitajaribu.

Mtoto wa Dungu

Ukifika kijiweni ita mtu jina, aitike.

Kijana wa Mingoyo

Nimerudi kuwaambia. Nimelipita lile daraja mara 2 leo. Mara ya kwanza niliizima, nikashuka, nikaisukuma kwa miguu hadi upande wa pili. Rafiki yangu wa kijiweni alikuwa nyuma yangu, naye akazima ya kwake, akasukuma.