Filamu za kale za mchezo wa ng'ombe Hispania, mbona zinakatika pakiwa patamu?

Mkwezi wa Tanga: Wadau habari zenu. Nimetazama vipande vya 1896 mpaka 1898 hivi, havina sauti, watu wanatembea mbiombio, fahali yuko mbali na mambo yakianza kunoga tu imekatika. Halafu kile kitambaa chekundu cha matadori, yule anayepambana na fahali, mbona cheusi tii? Walikuwa wanaficha kitu?

Fundi Mikanda: Hawakuficha mkuu. Kamera ya akina Lumière, wale ndugu Wafaransa walioanzisha filamu, ilikuwa inaingia mkanda wa kama mita 17 tu, sekunde 50 umeisha, wakati fahali mmoja anaweza kuchukua robo saa nzima, kwa hiyo mtu kama Alexandre Promio, mpiga picha wao aliyetumwa Madrid 1896, ilibidi achague, achukue matadori wanavyowasili au amsubirie fahali. Mbio zinatokana na mpini, ulizungushwa kwa mkono, picha kama 16 kwa sekunde, sasa ukizichezesha kwa 24 kwa sekunde kama filamu za baadaye lazima wakimbie. Na mkanda wa wakati ule ulikuwa hauoni wekundu, kitambaa na damu vyote vinatoka vyeusi.

Mama Zuu: Mimi naomba muwatazame farasi. Yule mwenye mkuki, pikadori, farasi wake hana kinga yoyote tumboni, fahali anamtumbua pembe watu wamekaa tu jukwaani wanaangalia. Yale magodoro ya kuwafunika yamekuja kuwa lazima Hispania 1928! Kabla ya hapo farasi walikufa wengi sana na sifa zote zikaenda kwa matadori, ila kamera ilisimama palepale kwenye miguu yake mitatu ikachukua kila kilichopita mbele yake. Kwangu mimi hapo ndo zina thamani kuliko hata huyo matadori.

Mpemba Halisi: Kweli dada. Kwetu Pemba mchezo wa ng'ombe upo, wazee wanasema tumeachiwa na Wareno, ila ng'ombe anafungwa kamba, ngoma zinapigwa, watu wanamchezea na hauawi. Mie kwa simu tu ng'ombe ananitoka kwenye picha kila mara, sembuse mtu wa kamera isiyogeuka, nawaheshimu sana wale.

Mkwezi wa Tanga: Asanteni, nimeelewa. Zipo za nje ya Hispania?

Fundi Mikanda: Zipo, watu wa Edison, yule mvumbuzi wa Marekani, walipiga Durango, Mexico, za 1898. Ingia Maktaba ya Bunge la Marekani mtandaoni uandike Edison na Durango, kutazama ni bure.