Filamu za anga kwenye banda umiza: DJ au maandishi?

Hoja mezani: mabanda umiza (vibanda vya kuonyeshea video) ya Arusha na Moshi yanawaonyesha watoto filamu za familia za hadithi za kisayansi zikiwa na DJ anayetafsiri juu ya sauti ya asili. Aondolewe, yawekwe maandishi ya Kiswahili chini ya picha?

Mdau wa Njiro: Aondolewe. Filamu hizi zinabebwa na ukimya. Kwenye E.T. ya 1982, filamu ya mtoto na kiumbe kutoka anga za mbali, Steven Spielberg aliishusha kamera hadi usawa wa macho ya mtoto, na ukimtoa mama, sura za watu wazima zinafichwa mpaka kuelekea mwisho. Mtoto anajazia mwenyewe. DJ akidakia "dogo kaogopa huyo!", kamaliza kazi isiyo yake.

Ticha wa Pasua: Mkuu, piga hesabu. "Sitakusahau kamwe, hata nikifika kwetu" ni herufi 38 pamoja na nafasi. Mtoto wa darasa la tatu mpe herufi 12 kwa sekunde (hapo umempendelea): anataka sekunde 3 na ushee, mwigizaji kaitamka kwa 2. Ukifupisha ikabaki "Sitakusahau", umeitupa "kwetu", na utamu wote uko hapo. Wa chekechea je? Na runinga ya inchi 32, aliyekaa benchi la nyuma hasomi kitu, hata awe baba mtu.

Fundi sauti: DJ anabebeshwa lawama za mitambo. Kwenye nakala ya kawaida maneno na muziki vimeshachanganywa. Ukishusha kimoja, vyote vinashuka. Basi shusha desibeli (kipimo cha ukubwa wa sauti) 12 hivi pale tu anapoongea, kisha rudisha taratibu kwa nusu sekunde. Ikirudi ghafla, muziki unahema kama pampu ya baiskeli. Wanaotaka waigizaji waingize sauti upya kwa Kiswahili wajue shughuli yake: "hope" ni silabi moja, "matumaini" tano. Mdomo umeshafungwa, Kiswahili bado kiko "-tuma-". Dawa ni kuandika upya kwa maneno mafupi, na picha ikiwa ya karibu utafute neno lenye m, b au p pale midomo inapogusana. Ila studio ikupe kwanza muziki na milio bila maneno.

Mdau wa Njiro: Ambavyo hupewi bila leseni. Hayo ni ya televisheni, ndugu yangu, siyo ya banda.

Ticha wa Pasua: Basi DJ abaki na karatasi ya dakika na sekunde, aitazame filamu mara mbili kabla, apige mstari mwekundu pale pa kufunga mdomo. Kiumbe anapoagana na mtoto, maikrofoni izimwe kabisa.

Fundi sauti: Izimwe kwa kushusha kitelezi cha sauti. Akibonyeza swichi, spika zinapiga "pap!" na watoto wote wanageuka nyuma.