Kanisa la zamani la kijijini kwetu Urambo: libomolewe au litengenezwe?

Mtoa mada
Mwangaluka wadau. Jumapili iliyopita baada ya ibada wazee wa ushirika walisoma azimio: fedha za mauzo ya tumbaku msimu huu zianze kujenga kanisa jipya, na la zamani libomolewe maana jipya litakaa palepale. Watu wakapiga makofi. Mimi sikupiga, na mama akanikanyaga mguu chini ya benchi nisisimame kusema. Basi nasemea hapa.

Kanisa jipya silipingi. Nusu ya waumini wanakaa nje chini ya mwembe, mvua ikinyesha ibada imekwisha. Ninachopinga ni sababu iliyotolewa, eti "ni jengo la mzungu, halina historia yetu." Shirika la Wamisionari la London lilimleta Dk. Ebenezer Southon Urambo mwaka 1879, Mirambo, mtemi wa Wanyamwezi, akiwa hai. Southon akapigwa risasi ya mkono kwa bahati mbaya, akakatwa mkono, akafa 1882. Mirambo naye akafa 1884. Mwaka 1898 Walondon wakawaachia kazi Wamoravian kutoka Ujerumani. Vita ya kwanza ikawaondoa Wajerumani, wakaja Wadenishi. Wazungu wamepokezana kijiti hivyo, sisi ndio tumekaa na jengo muda wote. Babu mzaa mama alisimulia kuwa tofali zilifyatuliwa kiangazi, kila kaya na fungu lake, na wanawake ndio waliobeba maji kutoka bondeni. Hapo mzungu kaingia wapi?

Mkulima wa tumbaku
Mtoa mada unalilia udongo. Njoo ukae safu ya nyuma wakati wa mvua uone lipu inavyowadondokea wanakwaya. Ufa ulio karibu na dirisha unaingia vidole viwili. Mtoto akiangukiwa, hiyo historia ya Mirambo utaisoma msibani?

Mpita njia
Naunga mkono hoja ya mkulima. Nasubiri picha.

Msomaji wa sheria
Kwa wanaosema "serikali hairuhusu kubomoa": Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inalinda moja kwa moja majengo ya kabla ya 1863. Kanisa lenu, hata mkilizeesha vipi, halifiki huko. La baadaye linalindwa Waziri akilitangaza. Msitishane kwa sheria ambayo haiwahusu, amueni wenyewe.

Fundi muashi
Wakuu, jengo hilo nimelifanyia kazi, na nitasema ukweli ingawa unanigusa. Kuta ni tofali mbichi zilizojengewa udongo, na lipu ya kwanza ilikuwa ya chokaa. Ukuta wa namna hiyo unapumua: unyevu unapanda kutoka chini, jua likiwaka unatokea nje. Baadaye tukaitwa tupige lipu ya saruji ili kanisa lipendeze sikukuu. Tukapiga. Saruji ikaziba, unyevu ukakosa pa kutokea, tofali la nyuma likalainika kama ugali uliomwagiwa maji. Sasa lipu ikibanduka inaondoka na nyama ya ukuta. Tena tukamwaga zege kuzunguka nje ili watu wasikanyage matope, na zege lenyewe linainamia ukutani, kwa hiyo maji yote ya bati yanakwenda kwenye msingi.

Kinachowaangukia wanakwaya ni kazi yetu, uzee umesingiziwa. Kenchi ni za mninga. Nilizichoma kisu, ikaingia ncha tu. Mchwa wamekula mbao za dari tulizoongeza sisi, kenchi wameziruka.

Mzee wa Usoke
Wanangu, niongeze la umri wa jengo, msije mkaupima kwa kutazama bati. Bati litawadanganya mdhani ni la juzi. Reli ilifika Tabora 1912 na Kigoma 1914. Kabla ya hapo kila kitu cha pwani kilikuja kichwani mwa mpagazi, mzigo wa kama kilo 30. Nani angebebesha watu mabati mpaka huku wakati nyasi zipo bure? Kwanza paa lilikuwa la nyasi. Pandeni darini muone juu ya ukuta wa upande wa meza ya Bwana: kuna matundu ya fito yamezibwa kwa udongo. Kwa hiyo wazee wenu walishabadilisha jengo hilo, na hakuna aliyelia. Lakini hawakulibomoa.

Mha wa Kigoma
Huku kwetu stesheni ya Mjerumani bado inapandisha abiria. Mnaposema lisibomolewe, litumike kwa kazi gani? Jengo lisilofunguliwa mlango litaangushwa na popo na mchwa hata kama mmelipiga chokaa.

Mtoa mada
Swali la Mha ndilo nililokuwa nalikwepa, nakiri. Jibu langu: watoto wa shule ya Jumapili sasa wanafundishwa kwenye ghala la tumbaku, wanatoka wanakohoa. Waingie humo. Jipya lisogezwe hatua arobaini, upande wa mashariki kuna kiwanja.

Mkulima wa tumbaku
Hapo unaanza kueleweka. Ila kile kiwanja cha mashariki kina makaburi mawili, au umesahau? Na kubandua saruji yote na kurudisha chokaa analipa nani? Mimi kilo zangu za tumbaku nimeahidi kwa kanisa jipya, sikuahidi za ukarabati.

Fundi muashi
Kubandua nitafanya bure, niliyeiweka ni mimi. Chokaa nunueni. Mvua za kwanza zisitukute ukuta uko wazi.

Mtoa mada
Makaburi sikuyasahau, moja ni la babu. Nitakwenda kwa wazee wa ushirika Jumatano jioni. Mama amesema safari hii anakuja na mimi, ila hajasema yuko upande gani.