Filamu ya mke na mume ndani ya nyumba ya mawe, Amu (Lamu): tununue nini kwanza?

BintiLangoni
Assalaam aleikum. Mimi na mume wangu tunapanga filamu ya drama ya dakika 80, karibu yote ndani ya nyumba moja ya zamani mtaa wa Mkomani. Mimi naongoza na kuigiza. Yeye ndiye mpiga picha, ila naye anatokea katika maonyesho sita. Tunayo kamera moja, lenzi ya milimita 50, taa mbili za LED na maiki ya kukaa juu ya kamera. Pesa iliyobaki yatosha kitu kimoja: lenzi, taa au maiki? Tunapiga Januari.

SautiYaPwani
Waaleikum salaam dada. Maiki. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza, lakini asiposikia mazungumzo huizima filamu. Hiyo ya juu ya kamera iko mbali na mdomo, na kuta za chokaa zitaipa mwangwi mtupu.

Tafuteni maiki mbili za kifuani, kila moja na kinasa chake, mrekodi kwa 48 kHz, biti 24, sauti kubwa kabisa isipite -12 dB. Buibui la nailoni hukwaruza maiki kila mtu akigeuka. Ifiche ndani ya mtandio wa pamba chini ya kidevu, uishike kwa plasta ya jeraha. Kila mkianza kurekodi, mtu agonge viganja mara moja mbele ya kamera, ndipo mhariri apate pa kulinganishia picha na sauti.

Chumba kitandikeni mikeka na mazulia, mtundike mablanketi mazito upande usioonekana, na zidaka, vile vishubaka vya ukutani, ambazo kamera haizioni zijazeni nguo. Kabla ya kuhama chumba, rekodini dakika moja ya ukimya wake. Msipofanya hivyo, kila mkato utasikika.

Watu hudhani Amu ni kimya kwa vile magari ni ya kuhesabu. Kuna injini za boti, punda, jenereta za majirani. Adhana nazo hazianzi pamoja, msikiti huu ukimaliza ule ndio kwanza unaanza, kwa hiyo adhuhuri na alasiri zifanyeni saa za kula na kuhamisha vifaa. Januari ni upepo wa kaskazi: maiki ya nje bila kifuniko cha manyoya haifai kitu.

Mpigapicha_Shela
Naafiki maiki, lakini lenzi pana ya milimita 24 aombeni au mkodi. Vyumba vya nyumba hizo ni virefu na vyembamba, kwa kuwa upana hufuata urefu wa boriti za mikoko, na aghalabu haufiki mita 3. Kwa 50 mtapata vichwa tu, ukuta uko mgongoni. Pigeni kwa urefu wa chumba, au kamera ikae kiwandani, yaani uani, ichungulie mlangoni. Picha ya mlangoni huwa nzuri kuliko hata ile mliyoipanga.

Taa msimwelekezee mtu, ielekezeni kwenye ukuta mweupe, mwanga urudi laini. Umeme wetu ni 50 Hz, kwa hiyo fremu 24 kwa sekunde na shata ya 1/50 ya sekunde, la sivyo balbu za nyumbani zitapepesa.

Vichochoroni jua hufika chini karibu na saa sita tu, na saa hiyo nyuso huwa na vivuli vibaya machoni. Magharibi nayo hukatika upesi huku kwetu. Onyesho la jioni ligaweni siku mbili tatu. Na kama bahari inaonekana, kumbukeni maji kujaa huchelewa kama dakika 50 kila siku. Shoti ya wiki ijayo saa ile ile itakuta maji yamekauka. Ngojeni wiki mbili, yatakuwa karibu na yalivyokuwa.

Mhariri_Mvumilivu
Maonyesho sita ambayo nyote mko mbele ya kamera ndiyo yatakayowaumiza. Kamera ikae kwenye tripodi, fokasi ifungwe kwa mkono, tundu la lenzi liwe f/5.6 au f/8, na alama za utepe sakafuni za kusimamia. Fokasi ya otomatiki itamfuata asiyezungumza. Mtafute hata mpwa mmoja wa kusikiliza kwa hedifoni, na asiogope kuwakatiza.

Hesabu ya diski: kamera ya megabiti 100 kwa sekunde hula GB 45 kwa saa. Mkirekodi dakika 8 kwa kila dakika 1 ya filamu, ni karibu GB 480, na nakala tatu ni TB 1.5. Nakala moja ilale nyumba nyingine.

BintiLangoni
Ahsanteni. Na ruhusa?

Mhariri_Mvumilivu
Leseni ya kupiga filamu ni KFCB, bodi ya kuainisha filamu Kenya, na filamu ikiisha mnairudisha kwao iwekewe daraja la umri kabla ya kuonyeshwa. Mkipiga Ngomeni, ruhusa ni ya Makumbusho ya Taifa. Droni ni KCAA, mamlaka ya usafiri wa anga. Mwenye nyumba na kila mwigizaji watie sahihi kabla ya siku ya kwanza. Na ninyi wawili pia: andikeni nani anamiliki nini. Sheria humtazama aliyefanya mipango ya kutengeneza filamu kuwa ndiye mwenye haki, na mnunuzi ataitaka karatasi hiyo, hatauliza cheti cha ndoa.