Kuku 100 wa mayai wanamaliza kilo 15 kwa siku, ni sawa?

MfugajiChanika: Habari wakuu. Nina kuku 100 wa mayai, wiki 32. Mfuko wa kilo 50 wa chakula cha kuku wa mayai nauchanganya na kilo 25 za pumba za mahindi ili kupunguza gharama. Unaisha siku 5. Mayai yamepungua, mengine yana ganda laini. Niongeze chakula au nipunguze?

BandaSafi: Mkuu, ondoa pumba kwanza. Kuku wa umri huo anatosheka na gramu 110 hadi 120, yaani kilo 11 hadi 12 kwa kuku 100. Wako wanafika 150 kwa sababu kuku hula mpaka mwili upate nguvu unayoitaka. Chakula kikiwa hafifu, anaongeza wingi. Piga hesabu: kwa siku unatoa kilo 10 za chakula kamili na 5 za pumba. Akiba yako ni kilo 1 hadi 2 tu, na pumba umezinunua!

Ganda la yai lina gramu 2 hivi za kalsiamu, na kuku hufyonza karibu nusu ya anayokula, kwa hiyo anahitaji kama gramu 4 kila siku. Chakula kamili kina asilimia 3.5 hadi 4. Kwa mchanganyiko wako imeshuka mpaka kama 2.5, na protini imeshuka pia. Punguza pumba taratibu ndani ya wiki moja, usikate ghafla.

KukuPwani: Ongeza magamba ya chaza yaliyopondwa, chenga za ukubwa wa punje ya mchele, kwenye chombo chake, jioni. Ganda hujengwa usiku. Chenga hukaa kwenye firigisi na kuyeyuka polepole, unga hupita haraka.

Kwa joto hili la Dar, mchana kuku hawali vizuri. Lisha saa 12 asubuhi na saa 10 jioni, fungu kubwa liwe la jioni. Maji ni angalau lita 2 kwa kila kilo ya chakula. Jua likiwaka andaa ndoo mbili za lita 20 na uziweke kivulini.

MfugajiChanika: Asanteni sana. Kwa hiyo zote 15 wanazila kweli?

BandaSafi: Si lazima. Fukua maranda chini ya vyombo, ukikuta unga ujue unamwagika. Jaza chombo theluthi tu, ukingo wake uwe usawa wa mgongo wa kuku. Pumba zilizobaki zikinusa ukungu, tupa, sumukuvu nayo inashusha utagaji. Na kama kuna kukohoa au kinyesi cha kijani, hapo si chakula tena, mwite daktari wa mifugo leo leo.