Kuruka na Cessna 172 (ndege ndogo) kwenye uwanja wa nyasi uliolowa: mita 800 zinatosha?

Mwanafunzi_Rubani: Wakuu, habari. Kitabu cha ndege kinanipa mita 500 kufikia kimo cha futi 50, ila hizo ni za lami kavu. Uwanja ni wa nyasi, mita 800, umenyeshewa na udongo unabonyea. Nikiweka flapu (vibao vya nyuma ya bawa) nyuzi 10 na kuvuta usukani hadi mwisho, si zinatosha?

Mkufunzi172: Hazitoshi, mkuu. Tumia vizidishi vya CAA ya Uingereza (mamlaka yao ya usafiri wa anga): nyasi zilizolowa 1.3, udongo laini 1.25 au zaidi. Unavizidisha, huvijumlishi. 500 × 1.3 ni 650, × 1.25 ni kama 812. Umeshapita uwanja, na bado akiba ya usalama ya 1.33, inayokupeleka 1,080. Halafu hizo mita 500 zimepimwa breki zikiwa zimekanyagwa mpaka injini ifikie nguvu kamili, jambo ambalo kwenye tope hulifanyi. Na hiyo "au zaidi" isikupite: tope likiwa zito, ndege inaweza isifikie kabisa kasi ya kuruka. Subiri pakauke, au punguza mzigo. Uzito ukipanda asilimia 10, umbali unapanda kama asilimia 20.

Nyasi_Ndefu: Siku uwanja ukitosha, mbinu ni hii. Kagua injini ukiwa pagumu, kwa sababu ukishaingia penye ulaini husimami tena. Usukani nyuma kabisa tangu kwenye teksi (ukiitembeza ndege ardhini), kona pana, miguu mbali na breki. Ingia ukiwa bado unatembea, ongeza nguvu taratibu hadi mwisho. Pua ikianza kunyanyuka legeza kidogo, gurudumu la mbele lining'inie tu juu ya nyasi. Ukiendelea kuvuta, mkia utagusa chini. Ndege itaruka kwa kasi ndogo mno, na hapo ndipo wengi wanapoharibu: wanapanda papo hapo. Karibu na ardhi bawa linapata ukinzani mdogo; ukitoka hapo mapema ukinzani unarudi na ndege inazama tena kwenye tope. Shusha pua kwa upole, baki mita moja au mbili juu mpaka ufikie kasi ya kupandia, ndipo upande. Flapu zirudishe baadaye.

Fundi_Hanga: Angalieni vifuniko vya magurudumu. Tope likijaa humo linabana tairi kama breki iliyoshikwa. Kwa viwanja hivi ni bora vivuliwe, kama kitabu kinaruhusu. Propela nayo ipitishwe kidole kwenye ukingo wa mbele baada ya kila safari, kokoto hazikosi.

Mwanafunzi_Rubani: Asanteni wakuu. Na kuahirisha kuruka, niamue nikifika wapi?

Mkufunzi172: Kanuni ya kawaida: ukifika nusu ya uwanja uwe na asilimia 70 ya kasi ya kuruka. Kama unaruka kwa kasi ya noti 50 (maili za baharini kwa saa), hapo usome 35. Kwenye nyasi zilizolowa breki hazishiki sawasawa, kwa hiyo isogeze alama yako kabla ya nusu, na iwe kitu unachokiona dirishani. Ukifika bila hiyo kasi, ondoa nguvu yote ya injini usimame, usukani ubaki nyuma.